Ziba Pengo, Meno Nje

Jumatatu, 4 Machi

Kwa masikitiko makubwa nautangazia ulimwengu kifo cha suruali yangu nyeusi ya mazoezi, kilichotokea ghafla leo asubuhi ukumbini, mbele ya wanafunzi wangu wote, nilipokuwa nikiwaonyesha jinsi mnenguaji anavyoshuka hadi chini na kuinuka bila kusaidiwa. Marehemu alipasuka kuanzia kiunoni hadi mahali ambapo mtu wa umri wangu hapataji. Ameacha mjane mmoja, ambaye ni mimi, na kaptula mbili zisizoweza kubeba majukumu. Habari ziwafikie mafundi cherehani popote walipo.

Wanafunzi hawakusita hata kidogo. Waliendelea, macho kwenye kioo, tabasamu mahali pake, na Bonge akasogea mbele yangu kunifunika na mwili wake, ambao unatosha kufunika watu wawili na baiskeli. Nilijivunia kuliko nilivyoona haya. Hiyo ndiyo kazi niliyowafundisha.

Alhamisi, 7 Machi

Mvua ya kwanza. Bati linapiga kelele kuliko spika. Nimefundisha kwa ishara, kama trafiki.

Jumatano, 13 Machi

Bonge anauza vitambaa sokoni. Alikuja kwangu kupunguza mwili. Mwili umekataa, sakafu ndiyo inayopungua. Leo aliniuliza kwa nini lazima watabasamu hata wakiumia. Nikawakalisha chini, nikawasimulia.

Nilinengua nyuma ya Bwana Mkubwa, mwimbaji, karibu maisha yangu yote ya ujana. Uso wake sikuuona sana, ila shingo yake naijua kuliko mkewe. Mwalimu wetu wa safu alikuwa na kipande cha mpira wa maji, ule wa kumwagilia bustani, amekikata kikamtosha mkono. Ukikosea hatua, kifundo cha mguu. Ukikosea tena, kifundo cha pili. Ukilia, tunaanza wimbo mwanzo. Siku moja shabiki alirusha chupa akimlenga Bwana Mkubwa, ikampata mwenzetu aliyekuwa kushoto kwangu, tuliyemwita Mwali. Alianguka kama nguo inayodondoka kambani. Sisi tukasogea, wa kulia akaenda kushoto, wa kushoto akaja kulia, safu ikawa nzima. Wimbo ukaisha, watu wakashangilia. Mwali tulimkuta nyuma ya ngoma kubwa, amekaa kitako, ameshikilia jicho lake kiganjani. Nasema jicho kwa adabu tu.

"Ndiyo maana," nikawaambia. "Watu hawajaja kuangalia pengo. Mmoja akianguka, ziba pengo, meno nje."

"Na Mwali je?" akauliza Sindano.

"Yeye alikuwa ameshatoka kwenye safu, mwanangu."

Wakaitikia wote kwa pamoja: ziba pengo, meno nje. Walipendeza sana.

Jumanne, 19 Machi

Sindano ni binti wa kaka yangu. Tulimpa jina hilo kwa wembamba, lakini siku hizi nadhani ni kwa jinsi anavyomchoma mtu jicho akiingia kwenye safu. Huwezi kumwangalia mwingine. Mwezi wa tano bendi kubwa inafanya usaili wa wanenguaji. Akichukuliwa, atakula kwa miguu yake na kuiona dunia. Mimi nimeshamwona amechukuliwa, bado bendi tu kuambiwa.

Leo mumewe alikuja kutengeneza spika. Ni fundi redio, kijana nadhifu, kalamu mfukoni, na mkebe wa vifaa alivyovipanga kama meno ya kitana.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba, mkwe wangu. Hiyo spika ikikushinda usione haya, imewashinda wengi."

"Shangazi, mimi huwa sishindwi na kitu changu."

Tukacheka. Alipomaliza akakaa kwenye benchi, bisibisi mkononi, akaangalia mazoezi mpaka mwisho. Nikamwambia habari ya usaili. "Meno na miguu, mkwe. Mnenguaji ni hivyo viwili tu, na mkeo kajaliwa vyote." Akasema, "Tutaona, shangazi."

Sindano alikosea hatua mara mbili. Sikuwahi kumwona akikosea. Nilimtania kwamba penzi linampa kizunguzungu.

Spika inaimba kama mpya. Ningepata mume kama huyu enzi zangu, nisingekufa na suruali moja.

Ijumaa, 22 Machi

Sindano hakuja. Tukaziba pengo.

Jumatano, 27 Machi

Sindano kaja na shati la mikono mirefu. Joto la leo hata mende wanajipepea. Nikamuuliza, akasema mbu.

Maseremala wenye karakana chini ya ukumbi wetu wamepigana tena. Mkubwa kamrushia mdogo nyundo kwa ajili ya bawaba, ikampita sikioni ikaingia kwenye kabati la mteja. Mteja kafika, kakuta kabati lake lina dirisha. Tulicheka mpaka tukakaa chini. Sindano hakucheka. Nyundo ilipogonga mbao, aliinua mikono yote miwili kufunika kichwa, na ilikuwa ghorofa ya chini.

Jumanne, 2 Aprili

Hakuja. Tukaziba pengo. Mvua.

Ijumaa, 5 Aprili

Leo niandike taratibu.

Ilikuwa mchana, katikati ya mazoezi, mvua inapiga bati na spika inajibu. Mkwe akapanda ngazi. Mlangoni akavua viatu, akavipanga ukutani, akapiga hodi. Mimi nikamwitikia kwa kichwa kwa sababu mdomo ulikuwa unahesabu. Akavuka ukumbi na soksi zake, akamshika Sindano nywele, akamtoa kwenye safu kama mtu anavyong'oa gugu. Akamzaba kofi. Akamshika shingo akamgongesha kichwa ukutani, na alipokuwa anateremka na ukuta akampiga teke la tumbo, halafu jingine. Hakutukana. Hakupaza sauti. Alikuwa na uso uleule aliokuwa nao akitengeneza spika.

Na safu ikaziba.

Mapacha, wale wasichana wawili wa mwisho kujiunga, walisogea kushoto. Bonge akasogea kulia. Meno nje. Niliwaona kwenye kioo, na sijawahi kuwa na safu iliyonyooka namna ile. Pembeni mwa kioo zilionekana soksi za Mkwe, zikienda na kurudi.

Na mimi nilikuwa nahesabu. Tano, sita. Saba. Nilifika nane kabla mkono wangu haujaupata waya wa spika.

Muziki ulipokufa, akasimama anahema. "Samahani, shangazi, nimekukatizia darasa," akasema. "Haya ni mambo ya nyumbani." Akarudi mlangoni, akavaa viatu, akafunga kamba, vifundo viwili kila kimoja, akashuka.

Bonge alikuwa bado anatabasamu. Akaugusa uso wake kwa vidole, kama mtu anayetafuta kitasa gizani, tabasamu likagoma kutoka. Akaanza kulia nalo.

Sindano yuko chumbani kwangu. Anatapika. Nesi wa mtaa kaja, kasema mbavu mbili. Mimi nimekaa hapa na kalamu, na kila nikifumba macho nasikia "saba" kwa sauti yangu mwenyewe.

Jumapili, 7 Aprili

Kikao cha familia kwa kaka. Mkwe hakuwapo, katuma salamu na sukari.

"Ndoa ina mawimbi yake," kaka akasema. "Arudi, wayamalize."

"Mbavu zimevunjika, kaka. Hayo si mawimbi, hiyo ni meli kuzama."

"Wewe usinifundishe ndoa. Umecheza nyuma ya mume wa mtu mpaka magoti yakaisha."

"Nilicheza. Sikuwa napigwa."

"Hukuwa unapigwa? Ule mpira wa maji si ulitusimulia wewe mwenyewe, sebuleni hapa, unacheka?"

Wifi yangu akainamisha kichwa. Kaka hajui mengi, ila hilo alilijua.

Alhamisi, 18 Aprili

Mkwe ameapa mbele ya wazee. Sindano amerudi kwake. Mvua. Tukaziba pengo.

Jumamosi, 27 Aprili

Kulipopambazuka Sindano kagonga dirisha langu. Kalowa, hana viatu, kitambaa mdomoni. Nilipokitoa, damu ikatiririka mpaka kwenye titi. Jino la mbele halipo. Lilikuwa mkononi mwake, kalifumba kama sarafu ya mtoto anayetumwa dukani.

"Kakupiga ngumi?"

Akatikisa kichwa. Ilichukua muda kusema, na aliposema maneno yalikuwa yanavuja upepo.

"Koleo, shangazi. Lile la kwenye mkebe. Kanikalia kifuani. Kasema, haya, sasa nenda kwenye usaili ukatabasamu."

Meno na miguu. Nani alimwambia? Mimi, kwenye benchi langu, nikicheka.

Nilimpeleka kwa kaka vilevile, na damu yake. Kaka alikuwa anakunywa chai. Aliangalia mdomo wa mwanawe muda mrefu, akavua kofia, akaiweka mezani kando ya kikombe, akasema, "Asirudi." Halafu akaingia ndani, na kwa mara ya kwanza tangu tukiwa watoto nikamsikia kaka yangu analia, sauti nyembamba ya ajabu, kama mbuzi. Nimemchukia kaka wiki tatu nzima. Leo chuki hiyo nimeiacha palepale kwenye ile kofia.

Polisi tulikwenda sote watatu. Wameandika. Wamesema watamwita. Yule aliyeandika alimuuliza Sindano alimkosea nini mumewe. Kaka akamwambia, "Andika jino, bwana. Jino ndilo limekuja kushtaki."

Jumanne, 30 Aprili

Sheria mpya. Mmoja akianguka, muziki unazimwa na wote wanageuka kumwangalia. Tumeifanyia mazoezi: namgusa mtu bega, anaanguka, wengine wasimame.

Hawawezi. Nimemwangusha pacha mmoja, na ndugu yake wa tumbo moja akasogea akachukua nafasi yake, meno nje. Kisha akajiona kwenye kioo, akaziba mdomo kwa mikono.

"Mwalimu," Bonge akasema, "wewe umetupandia huu mti mwaka mzima, umeumwagilia, umeuwekea uzio. Leo unataka tuung'oe kwa kucha?"

"Ndiyo."

"Basi twende. Niangushe mimi, labda kishindo kitawaamsha."

Tulianguka mchana kutwa. Seremala mkubwa alipanda kuuliza kama nyumba ina nia ya kumshukia.

Jumanne, 7 Mei

Sindano anafanya mazoezi amefunga mdomo. Bado yeye ndiye ambaye jicho linamtafuta.

Polisi bado hawajamwita Mkwe. Faili linatembea, wanasema. Ningewapa goti langu, lingefika kabla yake.

Alhamisi, 9 Mei

Mkwe kasimama upande wa pili wa barabara, chini ya kibaraza, na mwavuli, kuanzia tulipoanza mpaka tulipomaliza. Nilipochungulia dirishani akanipungia mkono kwa heshima. Nami nikampungia. Mazoea yana adabu mbaya.

Jumanne, 14 Mei

Kwa taarifa ya wote wanaohusika: leo mchana Mkwe aliteleza kwenye ngazi zetu, akavunjika mguu wa kushoto mahali pawili. Ngazi zina utelezi msimu huu. Mimi pia nilijikwaa nikaumia goti. Askari kaja, kamhoji mmoja mmoja, na kila mmoja kasema ngazi. Maseremala nao wamesema ngazi. Nondo iliyookotwa chini ya kabati la ukumbini ni ya mafundi wa paa, waliisahau. Ndivyo ilivyokuwa.

Jumatatu, 20 Mei

Goti langu limetiwa vyuma. Nilidhani limestaafu, sasa limeajiriwa upya kama geti.

Mkwe kwa mdomo wake mwenyewe kawaambia polisi kwamba ni ngazi. Nimeshangaa kidogo tu. Angesema nini? Na faili la jino, ambalo lilikuwa halijui njia, leo limeijua: akitoka hospitali anapelekwa mahakamani. Kaka anakwenda kulikumbusha kila asubuhi, kabla ya chai.

Jumapili, 26 Mei

Usaili. Nilikwenda na magongo mawili na Bonge. Wasichana walikuwa wengi, wamepakwa na kung'arishwa kama magari ya harusi. Sindano akaingia. Walipomwambia atabasamu, akaufungua mdomo wote, akaachia. Kiongozi wa bendi akaacha kutafuna.

"Jino limekwenda wapi, binti?"

"Liko kwa shangazi."

"Tutakuwekea jingine."

"Nitaweka nikitaka."

Kamchukua. Safu ya nyuma, pembeni kushoto. Nafasi ya Mwali, kama kuna anayehesabu mambo hayo. Nilimvuta kando nikamwambia, mwenzako akianguka, usisogee. Simama palepale hata kama Bwana Mkubwa wa siku hizi atakufukuza. Akasema, "Nimesikia, shangazi." Akaniangalia kidogo zaidi ya ilivyohitajika. Najua kwa nini.

Jumapili, 2 Juni

Mvua imekatika. Nimesoma nilichoandika tarehe kumi na nne, nikaona aibu kwa ajili ya zile ngazi. Ngazi zetu zina paa. Hazijawahi kulowa tangu nyumba ijengwe.

Ilikuwa hivi. Mkwe alipanda akiwa na mwavuli. Akavua viatu, akavipanga. Akaufungua mwavuli nusu na kutoa ndani yake nondo ya urefu wa mkono.

"Shikamoo, shangazi. Nimekuja kumchukua mke wangu."

"Marahaba. Hapa hakuna mke wa mtu, kuna wanafunzi."

Nikasimama mbele yake nimetanua mikono kama sanamu la kufukuza ndege. Akanipiga goti la kushoto. Nilisikia sauti kabla ya maumivu, kama mtu amekanyaga kikombe. Nikaenda chali.

Safu haikuziba. Nataka hilo liandikwe. Hakuna aliyeukumbuka waya, muziki ukaendelea kupiga, lakini waligeuka wote. Bonge alimfikia wa kwanza. Nondo ilimpata begani, na yeye ambaye amebeba marobota ya vitambaa tangu utoto hakuipa hata salamu. Akamkumbatia kiunoni, akamwinua, akamkalisha sakafuni kwa nguvu. Nondo ikamtoka, ikabingirika chini ya kabati.

Mpaka hapo ningeweza kumsimulia askari yeyote bila kupepesa macho. Mtu kaja na chuma, kanyang'anywa chuma. Ingeishia hapo ningeandika hivyo siku ileile.

Alikuwa amekaa, mikono mitupu, Bonge kamshika mabega. Akanitazama mimi. "Shangazi," akasema, "waambie basi." Na wao wakanitazama. Wote. Nilikuwa sakafuni, mguu umegeukia upande usio wake, na nikazitambua nyuso zile kwa sababu naziona kila siku: ndivyo wanavyonitazama wakisubiri nianze. Wangeniona natikisa kichwa, wangemwachia. Sina shaka hata kidogo. Wanafunzi wangu ni wasikivu.

Nikaziangalia soksi zake. Nikasema, "Moja."

Visigino vikashuka. Mimi ndiye niliyewafundisha kukanyaga kwa kisigino, uzito kiunoni, ili hata aliyesimama mwisho kabisa wa uwanja asikie. Mbili. Tatu. Kwenye nne mguu wake ulivunjika, na hakuna aliyevuruga mdundo. Alipiga kelele, mvua na spika zikaifunika. Maseremala chini walizima msumeno, wakasikiliza, wakauwasha. Nilifika nane. Pale ndipo mahali pa kuacha, kila mwanafunzi anajua. Nikaanza tena moja.

Sindano hakukanyaga. Alikuwa amesimama kwenye ukuta, palepale alipogongeshwa kichwa. Nilidhani anaogopa. Akatembea taratibu mpaka kwenye spika, ile aliyoitengeneza mumewe, akauchomoa waya.

"Shangazi. Basi."

Yaliyofuata ni kazi ya mikono tu. Walimbeba, wakamshusha kwa uangalifu, wakamlaza chini, ngazi zinapoanzia. Mapacha walijaribu kumvisha viatu. Cha kushoto kilikataa. Nikawaambia la kusema, wakalisema.

Lakini kabla ya hapo, muziki ulipozimika, visigino viliacha mara moja, vyote, kama nilivyowafundisha tarehe thelathini. Ukumbini ikabaki sauti moja inayohesabu, tano, sita, na ilinichukua muda kuitambua. Nikageuza kichwa. Kwenye kioo wote walikuwa wamefunga midomo, na machozi, na hofu. Mimi nilikuwa chini yao, chali, goti limevunjika, meno nje.